Kati ya Nyota na Nyota Hapako Patupu



Katika likizo ya Juni tulikwenda na watoto kijijini kuwasalimia wazee. Kijiji chenyewe hakijafikiwa na umeme, na usiku ule mwezi ulikuwa haujachomoza. Baada ya chakula tulitandika mkeka uani, na watoto wakalala chali wakizitazama nyota, jambo ambalo huku mjini taa zimewanyima. Ule ukanda mweupe tuuitao Njia ya Maziwa ulikuwa umetanda kutoka upande mmoja wa mbingu hadi mwingine. Haukupita muda, binti yetu mdogo akauliza: “Baba, kati ya nyota na nyota kuna nini?”

Tulimjibu upesi, kama wazazi wengi tunavyojibu tukiwa tumechoka: “Hakuna kitu, mwanangu. Ni patupu.”

Akanyamaza kidogo, kisha akanyoosha kidole upande wa kusini, karibu na zile nyota nne zilizokaa mfano wa msalaba. “Mbona pale pana giza kuliko pengine? Kama kote ni patupu, si kote kungekuwa sawa?”

Hatukuwa na jibu. Bibi yake, aliyekuwa ameketi kigodani akichambua mchele wa daku kwa mwanga wa chemli, ndiye aliyetuokoa. Alisema, “Mimi sijui, mjukuu wangu. Nimeliona giza hilo tangu nikiwa mdogo kama wewe. Mwambie baba yako akuulizie kwa waliosoma.”

Tumeulizia, ndugu wasomaji. Na tuliyoyapata yametufanya tuone haya kwa jibu letu la kwanza. Binti alikuwa na haki. Pale penye giza hapakuwa patupu, bali palikuwa pamejaa kuliko pengine.

Giza lenye kitu ndani yake

Wataalamu nao walipata kukosea kama sisi, na kosa lao lilidumu muda mrefu. Katika karne ya 18 mtaalamu wa nyota wa Uingereza, William Herschel, alipoyaona mabaka kama hayo kwa darubini yake, aliyachukulia kuwa ni matundu, yaani mahali ambapo nyota hazipo. Miaka mingi baadaye Edward Emerson Barnard wa Marekani aliyapiga picha mabaka hayo, moja baada ya jingine, na taratibu akaanza kuamini kuwa si matundu bali ni mawingu yanayoziba nyota zilizo nyuma yake. Mwaka 1930 Robert Trumpler, katika kituo cha Lick huko California, alithibitisha kwa vipimo kwamba nuru ya nyota za mbali hufifishwa njiani na vumbi lililotapakaa kati yetu na nyota hizo.

Naam, vumbi. Lakini si vumbi la barabarani. Chembe moja ya vumbi la angani kwa kawaida ni ndogo kiasi kwamba chembe 10,000 zikipangwa mstari mmoja hazitazidi milimita moja. Kwa udogo huo inakaribiana zaidi na moshi kuliko mchanga. Baadhi ya chembe hizo ni za jamii ya mawe na mchanga, zenye silikoni na oksijeni ndani yake. Nyingine ni za kaboni, mfano wa masizi yanayoganda kwenye chimni ya chemli.

Vumbi hili linatoka wapi? Linatoka katika nyota zenyewe. Nyota inapozeeka huvimba na kupuliza hewa yake nje. Hewa hiyo ikifika mbali na moto wa nyota hupoa, na katika kupoa huko chembe ngumu huganda, kama masizi yanavyoganda juu ya ulimi wa moto.

Jambo hili tumelishuhudia kwa macho yetu. Mwishoni mwa mwaka 2019 nyota nyekundu maarufu ya Betelgeuse, ambayo jina lake limetokana na maneno ya Kiarabu yaliyoharibika katika kunakiliwa na Wazungu, ilianza kufifia. Kufikia Februari 2020 ilikuwa imepoteza zaidi ya nusu ya mwangaza wake. Wengi walidhani inakaribia kulipuka. Haikulipuka. Wataalamu waliokuwa wakiipiga picha kwa darubini kubwa nchini Chile walieleza mwaka 2021 kwamba nyota hiyo ilitoa pumzi kubwa ya hewa, hewa ikapoa, vumbi likaganda, na vumbi hilo likapita mbele ya uso wa nyota kama pazia. Miezi michache baadaye nyota ikarejea katika mwangaza wake. Watu walioitazama wakiwa uani mwao, bila darubini, walikuwa wakiona vumbi jipya likizaliwa.

Redio inayosikiliza molekuli

Kati ya nyota na nyota, vumbi ni sehemu ndogo tu, kiasi cha asilimia 1 kwa uzito. Asilimia 99 iliyobaki ni hewa nyepesi, na sehemu yake kubwa mno ni haidrojeni. Na tunaposema nyepesi, msomaji apime mwenyewe. Katika hewa tunayovuta hapa duniani, mahali padogo kadiri ya ncha ya kidole cha mwisho pana molekuli zipatazo milioni milioni milioni 25. Katika mawingu mazito ya angani, mahali pa kadiri hiyo hiyo huwa na molekuli elfu kadhaa au, penye msongamano, milioni moja. Nje ya mawingu huenda isipatikane zaidi ya atomi moja. Hata pampu bora za viwandani huacha hewa nyingi kuliko hiyo.

Aidha, kuna baridi isiyo na mfano. Ndani ya mawingu yale meusi kipimajoto kingesoma nyuzi 263 chini ya sifuri. Kwa sababu ya wepesi huo na baridi hiyo, wanakemia wengi wa zamani waliamini kuwa hakuna molekuli ya maana inayoweza kutengenezwa huko. Katika miaka ya 1937 hadi 1941 zilitambuliwa tatu tu, zote ndogo, zenye atomi mbili mbili.

Mlango ulifunguliwa na redio. Molekuli huzunguka kama pia ya mtoto, na kila aina ina mwendo wake maalumu wa kuzunguka. Inapopunguza mwendo kutoka hatua moja hadi nyingine hutoa wimbi la redio, na wimbi hilo lina masafa yake yasiyofanana na ya molekuli nyingine. Kama vile tunavyojua kituo cha redio kwa namba yake kwenye mtambo hata kabla mtangazaji hajajitaja, ndivyo mtaalamu anavyoijua molekuli kwa masafa yake, ingawa iko mbali kiasi cha kwamba nuru yake imesafiri maelfu ya miaka kutufikia.

Kwa njia hiyo, mwaka 1963 ilipatikana molekuli ya oksijeni na haidrojeni iliyounganika. Mwaka 1968 kundi la Charles Townes huko California lilipata amonia, ile ile inayotuchoma puani katika choo kisichosafishwa, na punde likafuatia kupata maji. Mwaka 1969 wengine walipata fomaldehaidi, ambayo ikichanganywa na maji huitwa fomalini, dawa ya kuhifadhi maiti hospitalini. Mwaka 1970 ikapatikana kaboni monoksidi, hewa ya jiko la mkaa inayoua watu waliojifungia vyumbani. Mwaka 1975 ikatambuliwa hata ile alkoholi ya vileoni, katika wingu liitwalo Sagittarius B2, karibu na kitovu cha Njia ya Maziwa. Leo hesabu ya molekuli zilizotambuliwa angani imepita 300.

Kuna moja ambayo redio haikuweza kuisikia, nayo ndiyo iliyo nyingi kuliko zote: haidrojeni yenye atomi mbili. Katika baridi hiyo inanyamaza kimya. Aliyeipata mwaka 1970 ni George Carruthers, Mmarekani mweusi ambaye akiwa na umri wa miaka 10 alijiundia darubini kwa bomba la karatasi ngumu na lenzi alizoagiza kwa posta. Alirusha kifaa chake kwa roketi juu ya hewa ya dunia, kikapima mwanga wa nyota ambao hauwezi kutufikia huku chini, na humo akakuta alama ya molekuli hiyo. Miaka miwili baadaye, mwaka 1972, kamera aliyoibuni ilipelekwa mwezini na safari ya Apollo 16. Wazazi tunaowafokea watoto kwa kufungua redio mbovu na kuchezea vioo, tulitafakari hilo.

Kwa nini vumbi ni la lazima

Sasa tufike kwenye kiini cha makala yetu. Vumbi ni asilimia 1 tu, tena ndilo linalotuzibia nyota. Je, lina faida gani?

Faida ya kwanza ni kivuli. Nyota changa na kubwa hutoa mwanga mkali wa aina ya ule unaounguza ngozi, na mwanga huo huvunja molekuli mara zinapoundwa. Wingu la vumbi huuzuia. Ndani yake molekuli zinasalimika kama mche uliopandwa chini ya mwembe wakati wa jua kali. Ndiyo maana penye giza zaidi ndipo penye molekuli nyingi zaidi.

Faida ya pili ni mahali pa kukutania. Atomi mbili za haidrojeni zikigongana katika uwazi mtupu hazishikani. Muungano wao hutoa nguvu, na nguvu hiyo isipopata pa kwenda huwatenganisha papo hapo. Hapo ndipo chembe ya vumbi inapofanya kazi ambayo hakuna mwingine wa kuifanya. Atomi moja hutua juu yake na kutulia kwa sababu ya baridi. Baadaye hutua nyingine. Zinatambaa juu ya chembe mpaka zikutane, zinashikana, na ile nguvu ya ziada inapokewa na chembe. Sehemu kubwa kabisa ya molekuli za haidrojeni zilizomo angani zimepatikana kwa njia hii, juu ya vumbi. Lisingekuwapo vumbi, mawingu ya angani yangebaki na mabaki ya kemia tu.

Ukweli ni kwamba si kila kitu hufanyika juu ya vumbi. Iko kemia nyingine inayokwenda katika hewa yenyewe, inayoanzishwa na miale ya kosmiki, ambayo hupenya hata mawingu mazito na kuzinyang'anya molekuli elektroni zake. Zikishanyang'anywa, huwa na hamu kubwa ya kushikana na nyingine hata katika baridi. Lakini ukitaka maji, na ukitaka molekuli kubwa zenye kaboni, unarudi kwenye vumbi.

Oksijeni inayotua juu ya chembe hukutana na haidrojeni mbili, na hapo maji yanapatikana. Kwa kuwa baridi ni kali, maji hayo ni barafu tangu kuzaliwa kwake. Kidogo kidogo kila chembe ya mchanga au masizi hupata joho la barafu. Kaboni monoksidi nayo huganda juu ya joho hilo. Ikiongezewa haidrojeni moja moja hugeuka kuwa fomaldehaidi, kisha methanoli, ile spiriti iliyopofusha na kuua watu wengi katika pombe za magendo. Haya si maneno ya kukisia. Yamefanywa kwa mikono katika maabara za Japani na Uholanzi, ndani ya mitungi iliyoondolewa hewa na kupozwa hadi baridi ya angani.

Mwaka 2023 darubini ya James Webb, iliyorushwa Desemba 2021, ilithibitisha jambo hilo mahali penyewe. Iliielekea nyota iliyo nyuma ya wingu jeusi la Chamaeleon, katika anga ya kusini, lililo umbali wa takriban miaka 600 ya nuru. Nuru ya nyota hiyo ilipopita katika wingu ilipungua katika rangi maalumu, na upungufu huo ulisoma kama hati: hapa pana barafu ya maji, pana kaboni dayoksidi, pana amonia, pana metani, pana methanoli. Yote hayo yapo juu ya vumbi, kabla nyota ya mahali hapo haijawaka.

Jiwe la Ivuna

Msomaji anaweza kusema: haya ni ya mbali, yanatuhusu nini? Basi tumrejeshe nyumbani.

Tarehe 16 Desemba 1938, wakati wa jioni, mawe yalianguka kutoka angani huko Ivuna, karibu na Ziwa Rukwa, katika nchi iliyokuwa ikiitwa Tanganyika. Leo ni Wilaya ya Momba, Mkoa wa Songwe. Yaliyookotwa yalikuwa na uzito wa takriban gramu 700 tu, pungufu ya kilo moja ya sukari. Yalikuwa meusi, laini, yenye kumeguka kama donge la udongo. Mtu asiyejua angeyatupa.

Wataalamu walipoyachunguza walikuta ni ya aina adimu mno. Ukiondoa hewa nyepesi kama haidrojeni, mchanganyiko wa elementi zilizomo karibu unalingana na wa Jua lenyewe. Maana yake ni kwamba mawe hayo yamehifadhi mali ghafi ambayo Jua na sayari zake ziliundwa kwayo miaka bilioni 4.6 iliyopita. Aina hiyo ya vimondo ikapewa jina la CI, na herufi ya pili ni ya Ivuna. Mwanafunzi wa Tokyo, wa Paris au wa Houston anayesomea vimondo hawezi kumaliza somo lake bila kulitaja jina la kijiji cha Songwe. Japani ilipotuma chombo kwenye jiwe la angani liitwalo Ryugu, na chombo hicho kikaleta gramu 5.4 za udongo wake Desemba 2020, jambo la kwanza waliloona wachunguzi ni kwamba udongo ule ni ndugu wa Ivuna.

Ndani ya jiwe la Ivuna kuna maji yaliyofungwa katika madini yake ya udongo. Mwaka 2001 ilitangazwa kuwa zimo pia amino asidi, zile molekuli ambazo protini za nyama, maharage na miili yetu hujengwa kwazo, na kwamba hazikutokana na uchafu wa duniani. Katika vimondo vya jamii hii kuna hata chembe chache za vumbi ambazo hazikuyeyuka Jua lilipozaliwa. Katika kimondo kingine, kilichoanguka Murchison, Australia, mwaka 1969, chembe kama hizo zilipimwa umri na baadhi zikakutwa na miaka bilioni 5 hadi 7. Hakuna kitu kigumu kilichowahi kushikwa na mkono wa mwanadamu ambacho ni kikongwe kuliko vumbi hilo.

Na maji? Ndani ya maji yote kuna kiasi kidogo cha maji mazito, yenye haidrojeni ya uzito mara mbili. Maji yaliyoundwa katika baridi kali ya mawingu huwa na maji mazito mengi kuliko kawaida. Maji ya bahari zetu yana alama hiyo. Hesabu zilizochapishwa mwaka 2014 zilionyesha kwamba Jua changa na sayari zake zisingeweza kuiweka alama hiyo peke yao, na kwamba sehemu isiyo ndogo ya maji ya dunia lazima iwe ilikuwapo kabla ya Jua. Mwaka 2023 wachunguzi waliokuwa wakitazama nyota changa ya V883 Orionis, umbali wa takriban miaka 1,300 ya nuru, walikuta maji yenye alama hiyo hiyo katika kisahani cha vumbi kinachoizunguka, mahali ambapo sayari huundwa.

Kwa hiyo glasi ya maji tunayompa mgeni, na maji tunayotia udhu, kwa sehemu fulani yaliganda juu ya vumbi katika wingu la giza kabla Jua halijawaka. Hilo ndilo tulilomwambia binti yetu kuwa ni patupu.

Tusizidishe wala tusipunguze

Hapa tuna neno na wazazi wenzetu. Katika simu zetu huzungushwa ujumbe na video zenye vichwa vikubwa: wanasayansi wamekuta uhai katika vumbi la angani. Baadhi yetu hupokea yote na kuwaogopesha watoto. Wengine hukataa yote, pamoja na yaliyothibitishwa, na kumwambia mtoto kuwa sayansi ni uongo. Njia zote mbili zinamdhulumu mtoto.

Kilichopatikana si uhai. Ni molekuli. Matofali, mchanga na saruji vilivyomwagwa kiwanjani havijawa nyumba, na hakuna ajuaye kwa rundo hilo kama nyumba itajengwa. Amino asidi katika jiwe la Ivuna zinatueleza kwamba vitu ambavyo miili hutumia vinaweza kupatikana bila kiumbe kuvitengeneza. Hazitueleze zaidi ya hapo.

Na wanasayansi wenyewe, walio waaminifu, wanaujua mpaka huo. Mwaka 2003 kundi moja lilitangaza kuwa limesikia masafa ya glaisini, amino asidi ndogo kuliko zote, katika mawingu ya kati ya nyota. Habari ikaenea. Mwaka 2005 wachunguzi wengine waliirudia kazi hiyo na kuuliza swali jepesi: ikiwa kweli ni glaisini, mbona masafa yake mengine, yaliyopaswa kusikika pamoja na hayo, hayasikiki? Dai likaanguka. Mpaka hivi sasa glaisini imethibitishwa katika vimondo, na katika vumbi la nyota yenye mkia lililoletwa duniani mwaka 2006, lakini haijathibitishwa katika mawingu yale. Inawezekana ipo. Lakini kuwezekana si kuthibitika.

Wasomaji wa gazeti hili hawahitaji kufundishwa thamani ya kuhakiki habari na kumjua aliyeipokea kutoka kwa nani. Tuwafundishe watoto kuitumia mizani hiyo hiyo katika habari za nyota. Mtoto akileta habari, tusimpige mdomo. Tumuulize: nani amepima? Amepima kwa kitu gani? Je, mwingine amerudia akapata hayo hayo? Mtoto aliyezoea maswali hayo hatatapeliwa kirahisi, si na mwenye video, wala na muuza dawa ya miujiza stendi.

Kazi ya nyumbani

Tunapendekeza kila familia ifanye mambo matatu.

La kwanza, kati ya Desemba na Machi, baada ya swala ya isha, itazameni Betelgeuse, nyota nyekundu iliyo angavu katika kundi la Jauza, penye zile nyota tatu za mstari mmoja. Waelezeni watoto kisa cha vumbi lililoifunika.

La pili, katika miezi hiyo hiyo kitafuteni Kilimia, lile fungu dogo la nyota ambalo wazee walihesabia msimu wa kulima. Picha za darubini zinaonyesha Kilimia kikiwa kimezungukwa na utaji wa samawati. Utaji huo ni vumbi. Nyota hizo zinapita katika wingu, na vumbi lake linaakisi nuru yao, kama moshi wa jikoni unavyoonekana mwali wa jua unapopenya dirishani.

La tatu, kati ya Mei na Julai, mkipata nafasi ya kwenda mahali pasipo na taa, tazameni kusini, karibu na zile nyota nne, mlione lile baka jeusi. Mwacheni mtoto aulize. Na asiye na jibu aseme hana.

Sisi tulirudi kijijini mwezi uliofuata, tukamweleza bibi yote haya, naye akasikiliza bila kutukata kauli. Tulipomaliza alisema, “Kumbe lile giza ndilo lenye maji.” Kisha akamwambia mjukuu wake aende akamchotee.

Juma lijalo, in shaa Allah, tutajibu barua za wasomaji kuhusu vijana wanaokesha na simu.